Uzuri wa Jumba na Haki ya Ardhi
Katika eneo la Wakipsigis nchini Kenya, linalojumuisha Kericho na Siongiroi, nyumba za mameneja wa mashamba ya chai, zenye baraza pana na dohani, zilitengwa na laini, yaani safu za vyumba vya wafanyakazi, hivyo usanifu wenyewe ukaonyesha nani alistahili nafasi. Je, uzuri wa nyumba hizo unaweza kupimwa bila kuuliza ardhi ilipatikanaje, ilhali sheria ya kikoloni ya mwaka 1934 iliwaondoa katika eneo hilo Watalai, ukoo wa orkoiik, yaani viongozi wa kidini wa Wakipsigis, na kuwahamishia Gwassi, karibu na Ziwa Victoria? Jengo halitendi dhambi, lakini anayerithi faida yake hurithi pia deni lake, na deni la haki halilipwi kwa kupaka kuta rangi.