Tunda Tamu na Mboga Chungu

Karne 7 au 8 kabla ya kuzaliwa kwake Bwana wetu Yezu Kristu, Wagriki walikuwa na utenzi mrefu uitwao Odyssey, nao husema mtunzi wake ni Homer. Utenzi huo wasimulia safari ya mfalme Odysseus, aliyekuwa akirudi kwake baada ya vita vya Troy. Vita vilikuwa vimekula miaka 10, na njia ya kurudi ikala 10 mingine. Ndani yake mna habari ya mmea mmoja, ambayo yafaa mkatekumeni aisikilize vema, ingawa ni hadithi tu, wala mmea kama huo hauoti popote duniani.

Upepo mkali ulizichukua merikebu za Odysseus baharini siku 9. Siku ya 10 wakafika pwani ya watu walao mmea uitwao loto. Wakateka maji, wakala chakula. Kisha mfalme akatuma watu 2, na mjumbe awe wa 3, waende kuona ni watu gani wakaao huko. Wenyeji hawakuwa na nia mbaya. Hawakushika mkuki wala rungu. Waliwapa wageni matunda yao waonje, basi. Na matunda yalikuwa matamu kama asali. Kila aliyeonja hakutaka tena kupeleka habari kwa mfalme wake, wala hakutaka tena kwao. Alitaka kuketi pale pale akila loto, na njia ya nyumbani ikamtoka moyoni.

Liangalieni sana jambo hili: hakuna aliyelia kwa maumivu. Mtu akipigwa na adui hupiga kelele, na majirani huja. Lakini mwenye kusahau huona raha, hamwiti mtu. Tena hahesabu siku. Homer hasemi wale 3 wangekaa huko miaka mingapi. Lakini kwao watoto walikuwa wakikua. Telemachus, mwana wa Odysseus, aliachwa na baba yake akiwa mtoto mchanga, naye baba aliporudi alimkuta mwanamume wa miaka 20 hivi. Mlaji wa loto huona kama jua limesimama. Kwa mtoto wake jua huchwa kila jioni.

Wako waliomtafuta mti huo. Herodotus, Mgriki wa karne ya 5 kabla ya Kristu, aliandika kwamba walaji wa loto hukaa pwani ya Libya, na tunda lao ni tamu kama tende, nao hutengeneza divai kwalo. Wengi huonyesha kisiwa cha Djerba, katika nchi ya Tunisia, na wataalamu kadhaa hudhani kwamba tunda lenyewe ni la jamii ya mkunazi. Basi watu wamekula kunazi tangu zamani, wakatema kokwa, wakarudi nyumbani jioni bila kupotea! Ni kweli kwamba bangi huvuruga akili, hata mvutaji aone saa moja kuwa ndefu mno na kusahau alilolisema punde hivi. Na kazi ya pombe yajulikana katika kila kijiji. Lakini usahaulifu anaousimulia Homer hauhitaji mmea wowote.

Kitabu cha Hesabu, sura ya 11, chaonyesha hivyo. Waisraeli walikuwa katika mwaka wa 2 tu tangu kutoka Misri, nao wakaanza kulia jangwani. Walitamani samaki waliowala huko bure, na matango, na matikiti, na vitunguu, na vitunguu saumu. Bure! Matofali waliyoyafyatua hawakuyataja. Hawakutaja mapigo ya wanyapara, wala watoto wao wa kiume waliotupwa mtoni kwa amri ya Farao. Hawakusahau yote, na pengine ingekuwa afadhali. Walikumbuka nusu, na nusu hiyo ikaigeuza nyumba ya utumwa kuwa bustani ya mboga.

Ndivyo akumbukavyo mkatekumeni aliyeanza kuchoka. Mwaka wa kwanza hakosi mafundisho. Kisha inakuja mvua, kisha mavuno, kisha msiba wa jamaa, na zote ni sababu za kweli. Asema, Nitarudi mwezi ujao. Jioni akaa na wenzake, wakisifu mambo ya zamani: ngoma za usiku, na hirizi za mganga zilizolinda nyumba. Deni la mganga halitajwi, wala hofu ya kutoka nje usiku, wala ndugu 2 wa tumbo moja walioacha kusalimiana kwa sababu mganga alimtaja mmoja wao kuwa mchawi. Vitunguu vimekumbukwa, mjeledi umesahauliwa. Akiulizwa aliacha mafundisho lini, hujibu, Juzi tu. Kumbe mtoto aliyezaliwa mwaka ule sasa anachunga mbuzi.

Odysseus hakubishana na watu wake. Aliwaburuta hadi merikebuni, nao wakilia, akawafunga chini ya viti vya wapiga makasia, akawaamuru wengine wapande upesi wasije wakaonja nao. Msimamizi wa ubatizo hawezi kufanya hivyo. Kamba haifai katika mambo ya imani, kwa maana Kanisa halimbatizi mtu mzima kwa kumlazimisha. Lakini miguu yafaa. Msimamizi na aende mwenyewe, aketi uani pa mwenzake, amsimulie polepole ile nusu iliyosahauliwa; na asipopokewa mara ya kwanza, aende tena.

Mungu naye aliwapa watu wake mmea. Usiku ule wa kutoka Misri aliwaagiza wale mwana-kondoo pamoja na mikate isiyotiwa chachu na mboga chungu, na wafanye hivyo kila mwaka. Watoto wakiuliza maana yake, wazazi wawaeleze. Loto lilikuwa tamu likafuta njia. Mboga hizi zilikuwa chungu, nazo ziliurudisha utumwa ulimini, hata kwa mjukuu asiyeiona Misri. Baadaye Musa aliagiza kipimo kimoja cha mana kiwekwe ndani ya chombo, wazao wapate kukiona chakula cha jangwani. Na katika siku za sikukuu hiyo hiyo, usiku wa kuamkia mateso yake, Bwana Yezu alitwaa mkate na kikombe, akawaagiza Mitume wafanye vile kwa kumkumbuka. Kumkumbuka huko si kama kumkumbuka marehemu, kwa maana katika Ekaristi Takatifu yumo yeye mwenyewe.

Usiku wa Vijilia ya Pasaka masomo ya Agano la Kale yaweza kupunguzwa, lakini somo la Waisraeli kuvuka Bahari ya Shamu haliachwi kamwe. Wakatekumeni hulisikiliza, wasimamizi wao wakiwa karibu, ndipo huitwa waende penye maji.