Je, Kweli Zikiungwa Zaweza Kuwa Uongo?

Mara nyingi twasikia mtu akisema, "Nimeona kwa macho yangu," naye adhani shauri limekwisha. Lakini je, macho hayadanganyiki? Tulilifikiri neno hili tuliposoma habari za kazi ya watu wanaokusanya picha za sinema za zamani, wakazikata na kuziunga ziwe habari moja.

Mmoja wao alikuwa mwanamke wa Urusi, jina lake Esfir Shub. Mwaka wa 1926 alikwenda mjini Leningrad kutafuta picha za siku za mfalme Nicholas wa Pili, aliyeondoka katika kiti chake mwaka wa 1917. Yasemekana alitazama kadiri ya meta 60,000 za picha, akachagua 5,200 tu. Kwa hizo alitengeneza sinema ya kuanguka kwa ukoo wa Romanov, ikaonyeshwa mwaka wa 1927.

Picha hizo hakuzipiga yeye. Nyingine zilipigwa na watu wa mfalme mwenyewe, ili fahari yake ionekane. Lakini Shub alionyesha wakubwa wakicheza dansi juu ya meli hata wakatoka jasho. Na mara baada yao, wakulima wakitoka jasho kwa kazi. Kipande cha kwanza ni kweli, na cha pili ni kweli. Vilipowekwa pamoja vilitamka neno la tatu, ambalo wapiga picha wale hawakulikusudia.

Je, huo ni ushahidi wa haki? Wengine watasema ndiyo, kwa kuwa taabu ya wakulima ilikuwako hasa, na wapiga picha wa mfalme ndio walioificha. Lakini na tufikiri habari ya baraza. Shahidi asema, "Nilimwona Juma akiingia shamba la jirani. Tena mahindi ya jirani yaliibwa." Yote mawili ni kweli, ila hakusema kwamba Juma aliitwa na mwenye shamba, wala kwamba wizi ulitokea mwezi wa pili yake. Hakusema uongo hata neno moja, na Juma ameharibikiwa.

Basi, kukata si kosa. Kila asimuliaye huacha mengi. Hakuna awezaye kuonyesha meta 60,000 zote. Kosa ni kuficha lile ambalo msikilizaji angalilijua, angaliamua vingine. Na mwenye kuunga picha za zamani ana mzigo mzito kuliko shahidi wa baraza: Juma aweza kusimama na kujitetea, bali waliokufa hawasimami.

Na sisi watazamaji tuna wajibu wetu. Tukiambiwa, "Tazama mwenyewe," tutazame. Kisha tuulize: Ni nani aliyeviunga vipande hivi, na ni nini kilichobaki sakafuni penye mkasi wake? Asiyeuliza hayo ameona, lakini hajajua.