Ushuhuda wa Manusura: Ni Tiba ya Nani?

Aghalabu hudaiwa kwamba manusura akisimulia yaliyomsibu hupata nafuu, na jamii nayo huzinduka. Dai hili si la uongo, ila lina pengo: halisemi ni nani aliyechagua maneno.

Abdilatif Abdalla alifungwa mwaka wa 1969 kwa sababu ya waraka wa kisiasa ulioitwa 'Kenya: Twendapi?' Gerezani alitunga mashairi kwa siri, akiyaandika kwenye karatasi za msalani. Mfungwa hupangiwa kila kitu, hata saa ya kulala. Lakini vina na mizani aliyapanga yeye, na yamkini humo ndimo ilimokuwa nafuu yake. Hakuna aliyemwamuru aanzie wapi wala anyamaze wapi. Diwani yake, Sauti ya Dhiki, ilichapishwa mwaka wa 1973, na mwaka uliofuata ikatunukiwa Tuzo ya Jomo Kenyatta ya Fasihi, yaani kwa jina la rais yule yule ambaye serikali yake ilimfunga. Sauti ilisifiwa, kuhusu dhiki, waliotoa tuzo hawakulazimika kusema lolote.

Wazee walioteswa katika kambi za kizuizini wakati wa vita vya Mau Mau hawakuwa na uhuru huo wa mtunzi. Kundi la Mau Mau lilibaki limepigwa marufuku kisheria hadi 2003, miaka arobaini baada ya uhuru, hivyo kusema 'nilikuwamo' kulikaribia kukiri kosa. Mwaka wa 2009 watano kati yao walifungua kesi mjini London. Mahakama huuliza lini, wapi, na nani; yasiyojibu maswali hayo, kama vile mzaha wa wafungwa au ndoto zao, huachwa nje ya hati. Mtu huitwa aje na jeraha lake tu. Hata hivyo hati hizo zilifanya ambalo diwani haikuweza: mnamo Juni 2013 serikali ya Uingereza ilikiri kuwa mateso yalitendeka, ikaeleza masikitiko yake, na ikakubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa ajili ya wadai 5,228, huku ikikana kuwajibika kisheria.

Mmoja wa wale watano alikuwa amekwisha kufariki. Kauli ile hakuisikia.