Sulhu ya Jamaa na Haki ya Aliyedhulumiwa

Tumeulizwa: jamaa wawili wakigombana hata mmoja akamjeruhi mwenzake, kesi ikafika mahakamani, kisha wazee wakawapatanisha, je, ni haki kesi hiyo ifutwe?

Ndugu msomaji, sulhu ni kheri. Ndivyo ilivyosifiwa katika Suratun-Nisaa, aya ya 128. Na katika Suratul-Baqara, aya ya 178, warithi wa aliyeuliwa wamefunguliwa mlango wa kusamehe, na aya imemwita muuaji na mwenye kumsamehe ndugu. Ikiwa damu yenyewe husameheka, basi jeraha na tusi ni zaidi.

Lakini haki si moja. Iko haki ya mja, kama jeraha lake na mali yake. Hii mwenyewe ana khiyari ya kuiacha. Iko haki ya Mwenyezi Mungu, nayo ikishafika kwa hakimu haimo tena mikononi mwa watu. Safwan bin Umayya aliibiwa nguo yake, akamleta mwizi kwa Mtume, S.A.W., kisha akataka kumsamehe. Mtume akamuuliza kwa nini hakufanya hivyo kabla ya kumleta kwake. Tena iko amani ya watu wote: mwenye kufyatua bunduki katika ugomvi wa nyumbani amewatisha na majirani, na mtawala anaweza kumtia adabu hata kama jamaa zake wamekwisha kupeana mikono.

Nitasimulia lililonipata. Nilipokuwa kadhi waliletwa mbele yangu mtu na mtoto wa ami yake, waliogombania zamu ya maji ya falaji hata mmoja akamvunja mwenziwe mkono. Wazee wakaja na sulhu. Aliyevunjwa akainamisha kichwa, nami nikaifunga kesi siku ile ile, nikirudi nyumbani na furaha. Baada ya mwaka nilikutana naye mlangoni mwa msikiti, mkono umepinda. Akaniambia: "Sheikh, waliniambia nikikataa hapana atakayewaoa binti zangu. Ulimi wangu ulisamehe, moyo wangu haukusamehe." Sikuwa na jawabu, kwani sikumuuliza peke yake.

Tangu siku ile nilishika mambo matatu. Aliyedhulumiwa aulizwe faraghani, pasi na mzee wala ndugu karibu yake. Alipwe fidia ya jeraha lake na gharama za matibabu. Na aliyedhulumu akiri kosa lake mbele ya wale wale waliokuja kumwombea. Ama yatima na mtoto mdogo, walii wao hana ruhusa ya kuitoa sadaka haki yao ili kuuridhisha ukoo. Wala mume au kaka hasamehi kwa niaba ya mwanamke aliyepigwa.

Watu husema kwamba mahakama huvunja udugu. La! Udugu huvunjwa na dhuluma. Mahakama huja baadaye. Lililo bora ni kuung'oa mzizi mapema. Huku Oman, kwa Amri ya Kifalme nambari 98 ya mwaka 2005, ziliwekwa kamati za upatanishi kwa magomvi ya mali, ya biashara na ya mambo ya nyumba, na sulhu iliyoandikwa huko ina nguvu ya kutekelezwa. Ni mirathi mingapi iliyoachwa bila ya kugawanywa mpaka ikazaa ngumi!

Mwisho, faili likifungwa, dhambi haijafutwa. Madhehebu yetu ya Ibadhi yanafundisha kwamba mwenye dhambi kubwa hana uokovu akifa bila ya kutubu, na toba ya dhuluma haitimii mpaka haki irudi kwa mwenyewe. Basi anayetoka mahakamani akicheka kwa kuwa jamaa wamemnusuru, na autazame mkono wa nduguye kabla ya kulala.

Mwenyezi Mungu atupatanishe kwa haki. Wallahu aalam.