"Kompyuta Imesema": Je, Dhima ni ya Nani?

Liko neno ambalo siku hizi twalisikia katika kila afisi na kila duka, nalo ni hili: "Kompyuta imesema." Mtu aenda kuuliza haki yake, karani akatazama kioo badala ya kumtazama uso, kisha akamjibu kwamba kompyuta haikubali. Akiuliza sababu haambiwi, na huenda karani mwenyewe haijui. Basi hurudi kwake kimya, kana kwamba ameshahukumiwa. Swali letu leo ni hili: mashine ikiandika hisabu, dhima ya hisabu hiyo ni ya nani?

Hatusemi haya kwa kuichukia mashine. Kazi iliyokuwa ya siku tatu leo yamalizika kwa saa moja. Tangu mwaka 2007 mtu aliyeko Mombasa amtumia mamake fedha Lamu kwa simu, zikafika kabla hajamaliza kikombe chake cha kahawa. Hiyo ni neema, na neema hushukuriwa. Lakini kila neema ina masuali yake.

Natutazame kwanza kilichobadilika. Zamani karani aliandika daftari kwa mkono wake. Hisabu isipolingana, alirudi nyuma ukurasa kwa ukurasa mpaka akaliona kosa. Tajiri wake naye aliweza kulifungua daftari lile lile, na wakibishana, wote wawili walikuwa wakitazama wino mmoja. Sasa karani kazi yake ni kubonyeza. Hisabu yenyewe yafanywa pahali asipopaona, kwa kanuni asizozijua, zilizotungwa na watu asiopata kuonana nao. Ujuzi umeondoka mkononi mwake ukaenda kwa wachache. Dhima, hata hivyo, mara nyingi imebaki pale pale kwake. Hapo ndipo dhulma inapopata mlango.

Mfano mkubwa wa jambo hili ulitokea Uingereza. Mwaka 1999 Posta ya nchi ile ilianza kutia katika matawi yake mfumo wa kompyuta ulioitwa Horizon, mfumo wa kampuni ya Fujitsu. Matawi mengi yaliendeshwa na wenye maduka madogo, watu wa mitaani na vijijini walioaminiwa na jirani zao. Mara kompyuta ikawa yaonyesha kwamba fedha zimepungua. Walipopiga simu kuuliza, wengi waliambiwa kwamba ni wao peke yao wenye shida hiyo. Mikataba yao ikawabana walipe, nao wakalipa kwa akiba zao na kwa kukopa kwa jamaa. Wengine walishtakiwa kwa wizi na kwa kuandika hisabu za uwongo. Kati ya mwaka 1999 na 2015 zaidi ya watu 900 walitiwa hatiani, na wengi katika hao walishtakiwa na Posta yenyewe. Mwaka 2010 mwanamke mmoja alitiwa gerezani hali ana mimba.

Kumbe kosa lilikuwa ndani ya kompyuta. Alan Bates, aliyeondolewa katika tawi lake mwaka 2003, hakunyamaza. Yeye na wenziwe, jumla yao watu 555, waliipeleka Posta mahakamani. Desemba 2019 jaji alihukumu kwamba mfumo ule ulikuwa na kasoro zenye kuweza kuonyesha upungufu usiokuwako, na kwamba wafanyakazi wa Fujitsu waliweza kuziingilia hisabu za matawi kutoka mbali, jambo ambalo Posta ilikuwa ikilikanusha. Mwaka 2021 Mahakama ya Rufani ilifuta hukumu za watu 39 kwa siku moja, na mwaka 2024 Bunge likatunga sheria ya kuwasafisha mamia waliobaki. Lakini wako waliokufa kabla ya siku hiyo, wakazikwa na jina la wizi.

Nchi yenye mahakama na mawakili iliingiaje katika dhulma hii? Sheria ya huko iliyomtaka mwenye kuleta ushahidi wa kompyuta athibitishe kwamba kompyuta hiyo ilikuwa ikifanya kazi sawasawa, iliondolewa kwa sheria nyingine ya mwaka 1999. Tangu hapo mashine ikachukuliwa kuwa ni sahihi mpaka mshtakiwa aonyeshe kosa lake. Naye ataonyeshaje kosa la kitu asichoruhusiwa kukifungua?

Kwa Waislamu jambo hili si geni. Aya iliyo ndefu kuliko zote katika Qur'ani, aya ya 282 ya Suratul-Baqara, ni ya kuandikiana deni. Imemtaka mwandishi aandike kwa uadilifu, na wawepo mashahidi. Tena imemtaka yule mwenye kudaiwa ndiye atamke kinachoandikwa. Hebu lizingatie hilo: atakayeulizwa kesho ndiye mwenye kusema leo. Na mafakihi wamekubaliana kwamba mwenye kudai ndiye mwenye kuleta bayana. Katika jambo la Posta yote haya yaligeuzwa: mwenye kudai ndiye aliyekuwa na daftari, na mwenye kudaiwa alizuiliwa asilisome.

Huenda mtu akasema, "Lakini kompyuta haina tamaa, wala haili rushwa." Ni kweli. Lakini pia haina haya, wala haimwogopi Mungu, wala haitasimamishwa Siku ya Hisabu. Watakaosimamishwa ni sisi: aliyeitengeneza akaficha kasoro yake, aliyeinunua akakataa kusikia malalamiko, na aliyelitia jina lake chini ya karatasi asiyoichungua. Kusema "kompyuta imesema" ni kumpeleka shahidi asiyeweza kuulizwa, na shahidi wa namna hiyo hatoshi kumvunjia mtu heshima yake.

Basi yatupasa nini? Mwenye duka au kampuni, kabla hajamtuhumu mfanyakazi wake kwa upungufu, naamwonyeshe hisabu yote, na akubali kuichungua mashine kama anavyomchungua mtu. Karani asimrudishe mja bila ya sababu. Asipoijua, naaseme kwamba haijui, kisha amtafutie mwenye kuijua. Kamati za misikiti na madrasa zinazotia hisabu zao katika kompyuta naziwe na watu wawili au zaidi wenye kuweza kuzisoma, wala zisimwachie kijana mmoja hodari ufunguo wa mali ya wakfu. Na aliyedhulumiwa asidhani yuko peke yake. Naawaulize wenziwe, kwani wale wa Uingereza hawakupata nusura mpaka walipojuana.

Amana haihamii ndani ya chuma. Aliyepewa ni mwanadamu, na mwanadamu ndiye atakayeulizwa.