Dawa ya Deni ni Kulipa

Kando ya Ziwa Eyasi, katika mashamba ya vitunguu ya Baray, Wilaya ya Karatu, kibarua huinama tangu alfajiri, akipalilia na kuelekeza maji majarubani. Tumfikirie mmoja wao, aliyefukuzwa bila haki na bila kupewa ujira wake. Hakushika rungu. Alikwenda mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, akashuhudia; mwajiri naye akajitetea; ikatolewa tuzo kwamba alipwe. Miezi imepita, halipwi. Mwajiri akiulizwa hujibu: “Na aende anakotaka.”

Mtu huyu amekosa nini? Amechelewesha deni tu, au ametenda neno zito zaidi?

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 yasema kwamba tuzo huzifunga pande zote mbili, na yaweza kutekelezwa katika Mahakama ya Kazi kama hukumu ya mahakama. Anayeona ameonewa amepewa majuma sita aombe ipitiwe upya. Basi, asiyelipa wala kuomba mapitio hana tena hoja dhidi ya kibarua. Amemkataa mwamuzi mwenyewe.

Wanasheria hutenganisha kutolipa na kuidharau mahakama. Anayedaiwa fedha kwa kawaida huandamwa kwa kukamatiwa mali. Lakini tazameni mzigo unavyomwangukia aliyeshinda. Ni yeye wa kufunga safari tena mpaka Arusha, zaidi ya kilometa 150, akaombe utekelezaji. Tena akitaka mdaiwa awekwe gerezani kama mfungwa wa madai, yampasa yeye mwenyewe kutoa fedha za chakula cha mfungwa huyo. Mwenye njaa amlishe aliyemnyima chakula!

Huenda mwajiri atasema: “Bei ya vitunguu imeanguka, sina kitu.” Neno hilo laweza kuwa kweli, wala si haki kumfunga mtu kwa umaskini wake; sheria yenyewe humruhusu hakimu kumhurumia asiyeweza kulipa. Lakini asiyeweza hujitokeza, huonyesha hesabu zake, huomba kulipa kidogo kidogo. Asiyetaka hunyamaza, akitumaini kwamba maskini atachoka kabla yake. Mbele ya dalali wa mahakama wawili hawa waweza kufanana. Mbele ya dhamiri hawafanani kamwe.

Mtume Yakobo aliwaonya matajiri kwamba ujira waliowazuilia wavunaji wao unapiga kelele. Hakusema kelele hizo zinangoja hati ya mahakama. Amri ya haki huifunga dhamiri siku ile inapotolewa.

Mwajiri anayeipuuza haibi fedha peke yake. Anamfundisha kibarua kwamba aliyekwenda kwa mwamuzi alikuwa mjinga. Somo hilo likienea mashambani, safari ijayo mnyonge hataitafuta Tume. Ataikumbuka rungu aliyoiacha nyumbani. Wenye kuajiri, lipeni mapema.