Binti Aliyesomea Filamu Nyumbani
Samira Makhmalbaf alizaliwa Tehran, Iran, mwaka 1980, baba yake akiwa mwongozaji filamu Mohsen Makhmalbaf. Alipokuwa kigoli aliacha shule, akafundishwa kazi hiyo na baba huyo huyo.

Filamu yake ya kwanza, The Apple, ilionyeshwa kwenye tamasha la filamu la Cannes mwaka 1998. Inahusu mabinti wawili waliofungiwa ndani na baba yao, na waigizaji ni familia yenyewe iliyopatwa na mkasa huo. Ofisa wa ustawi wa jamii anamfungia baba huyo ndani, kisha anampa msumeno akate nondo za mlango mwenyewe.

Mohsen ndiye aliyeandika muswada na kuhariri, kwa hiyo maneno kwamba filamu ilikuwa kazi ya baba hayakukosekana. Hata hivyo, jicho lililoongoza kamera lilikuwa la Samira. Mwaka 2000, filamu yake Blackboards ilipata Tuzo ya Majaji Cannes.